Mwanangu Faina, habari ya jina lako

Katuba, Lubumbashi
Jumapili jioni

Mwanangu Faina,

Sauti uliyonitumia Ijumaa nimeisikiliza mara tatu: mara ya kwanza peke yangu, ya pili na mama yako, ya tatu usiku nyumba ilipolala. Unasema huko Kinshasa umeitwa tena kucheza mama mkwe. Safari hii ni filamu inayolipiwa na serikali, ya kuwahimiza wazazi wawaache wasichana wasome, na wewe ndiwe yule bibi mkaidi anayemtoa mjukuu shuleni ili aozwe. Ulipoomba ujaribiwe nafasi ya mwalimu, mwongozaji alikujibu mbele ya wenzako kwamba una uso wa mama wa pembeni, na kwamba Kifaransa chako kina Katanga ndani yake. Ndipo ukaniuliza: "Papa, yule mwanamke uliyenipa jina lake, alikuwa vedeti kweli? Na zile filamu za serikali, alizicheza bila aibu?"

Nimechagua kuandika kwa sababu kwenye simu ningekupoza tu, nawe hukuomba kupozwa.

Jibu fupi ni hapana. Faina Ranevskaya, mwigizaji wa Urusi ya Kisovieti niliyekupa jina lake, hakuwa vedeti, yaani nyota, wa sinema. Filamu alizocheza hazifiki thelathini, na karibu katika zote alikuwa mke wa mtu, mama wa mtu, jirani, mtumishi, mama wa kambo. Aliingia, akakaa dakika chache, akatoka. Na fedha za serikali alizila, maana nchi yake haikuwa na fedha nyingine za sinema. Amri ya Lenin ya kuifanya sinema yote kuwa mali ya taifa ilitiwa saini tarehe 27 Agosti 1919, siku ambayo Faina alikuwa anatimiza miaka 23. Tangu hapo kamera, studio, jumba la kuonyeshea, mshahara wa mwigizaji na mkasi wa mkaguzi vilikuwa na mwenye mmoja. Kuhusu aibu nitakuja, kwa sababu hilo haliishi kwa neno moja.

Nilifika Moscow Septemba 1979, kijana wa Katuba ambaye hajawahi kuvaa koti zito. Chuo nilichopelekwa kusomea migodi kilikuwa na jina la Patrice Lumumba. Lumumba aliuawa hapa, nje kidogo ya mji wetu, tarehe 17 Januari 1961. Mwezi uliofuata Warusi wakakipa chuo chao jina lake. Na mimi, mtoto wa mji ule ule, nikaenda kula mkate wao chini ya jina hilo. Miezi ya kwanza nilipita pale mlangoni macho yangu yakiwa chini.

Mwaka wa kwanza hatukugusa hata jiwe. Ilikuwa lugha tu, asubuhi mpaka jioni, na Kirusi kilinikaa kooni kama mfupa wa samaki. Jioni tulikusanyika kwenye chumba cha televisheni cha bweni, Waafrika, Waarabu, watu wa Amerika ya Kusini, tukitazama katuni, maana walimu walituambia huko Kirusi kinasemwa kwa kituo. Kulikuwa na katuni moja ya mwaka 1970, ya mtoto wa Sweden na rafiki yake mnene anayeruka kwa panga za feni mgongoni. Ndani yake mna mlezi wa watoto, jimama la amri, anaitwa Freken Bok. Sauti yake, mwanangu! Nzito, yenye kukwaruza, inapanda na kushuka kama ya mama wa soko la mtaa wa Kenya, hapa Lubumbashi, anayekataa bei huku moyoni keshakubali. Maneno sikuyajua, lakini mtu nilimjua. Nikamwuliza mwalimu wetu sauti ile ni ya nani. Aliweka chaki chini kwanza, ndipo akalitaja jina, kama watu wanavyotaja jina la mzee wa ukoo. Wakati huo Ranevskaya alikuwa na miaka 83 na bado alikuwa anapanda jukwaani.

Baadaye wakaonyesha filamu yake ya 1947, ya muziki na vichekesho. Nyota wa filamu ile ni Lyubov Orlova, anayecheza watu wawili wanaofanana, mmoja mwanasayansi na mwingine msanii. Taa zote ni zake. Ranevskaya ni mwangalizi wa nyumba tu. Mahali fulani anashtuka, anakimbilia simu kuita gari la wagonjwa, na kwa kiwewe anaanza kugeuza maneno nyuma mbele, kisha anasema mgonjwa ni yeye, kisha anasahau jina lake mwenyewe na kulitamka kama la mwanamume. Chumba kizima kilicheka, nami nikacheka sekunde ile ile. Tangu nifike nilikuwa nacheka baada ya wengine, kwa kufuata nyuso zao. Jioni ile Kirusi kiliniingia, na aliyekiingiza hakuwa nyota mwenye nyimbo. Alikuwa mama wa simu.

Ulipozaliwa, mwaka 1987, bado tulikuwa Zaire, na tangu 1972 majina ya kigeni yalikuwa yamekatazwa. Karani wa commune aliandika jina la nkambo yako, mama yangu, na ndiyo maana mpaka leo nakuita "mama". Faina lilikuwa jina la ndani ya nyumba. Milango ilipofunguliwa mwaka 1990 na kila mtu akarudia jina lake la ubatizo, tuliliandika. Kwa hiyo umebeba wanawake wawili. Huyu wa pili nitarudi kwake, maana nadhani filamu yako inamhusu yeye kuliko unavyofikiri.

Faina wa Moscow alizaliwa mwaka 1896 Taganrog, mji wa bandari kusini ya Urusi, katika familia ya Kiyahudi yenye mali. Jina la nyumbani lilikuwa Feldman. Alikuwa na kigugumizi tangu utoto, na pamoja na kigugumizi chake alitaka jukwaa. Mwaka 1917, mapinduzi yalipopamba moto, wazazi na ndugu walipanda meli wakaondoka nchini. Yeye alibaki peke yake kwa sababu ya teatri. Ranevskaya ni jina alilojitwalia kutoka mchezo wa Chekhov, naye Chekhov alizaliwa mji huo huo wa Taganrog. Miaka mingi alizunguka kwenye majukwaa ya mikoani kabla kamera haijamwona.

Kamera ilimwona mwaka 1934. Mwongozaji Mikhail Romm alikuwa anatengeneza filamu yake ya kwanza, kutoka hadithi ya Maupassant, na hakukuwa na fedha ya sauti; ilikuwa filamu bubu. Faina alipewa nafasi ya mke wa mfanyabiashara, mmoja tu kati ya wasafiri wa gari la farasi. Unajua alifanya nini? Alitafuta hadithi ya Maupassant kwa Kifaransa na kukariri maneno ya mwanamke yule katika lugha yenyewe. Kwa filamu ambayo hakuna atakayesikia hata herufi. Naomba ukae hapo kidogo, wewe unayeambiwa Kifaransa chako kina Katanga.

Lakini filamu ninayotaka uijue ni nyingine. Niliitazama katika jumba moja dogo la sinema liitwalo Illuzion, karibu na Taganka, ambako walikuwa wanaonyesha filamu za zamani kutoka hazina ya taifa. Jumba lile liko chini ya ghorofa refu sana kando ya mto, na Ranevskaya mwenyewe alikuwa amekaa katika ghorofa hilo mpaka 1973. Mimi nilikuwa nimefuata jina lake tu kwenye tangazo. Filamu inaitwa "Ndoto", ya Romm tena. Ilikuwa imemalizika pale vita ilipoingia nchini mwao Juni 1941, kwa hiyo watu waliiona mwaka 1943.

Sasa sikiliza jinsi serikali ilivyoitaka. Mwaka 1939 jeshi la Kisovieti lilikuwa limeingia mashariki ya Poland. Ilitakiwa filamu ya kuonyesha jinsi maisha yalivyokuwa mabaya kule kabla hawajafika. Msichana maskini wa kijijini anakuja mjini, anafanya kazi ya utumishi, anateseka, anafunguka macho. Anayemtesa ni mwenye nyumba ya kupangisha vyumba, Rosa Skorokhod: bahili, mdomo mkali, anahesabu kila kipande cha sukari. Kwenye karatasi Rosa ni adui. Ni ubepari wenyewe umevaa shali. Ndiyo nafasi aliyopewa Faina.

Na aliicheza. Hakumpunguzia Rosa ubaya hata kidogo. Bahili ni bahili. Ila Rosa ana mwana mmoja, amemsomesha kwa senti hizo hizo za sukari, amekuwa enjinia, na hakuna kazi. Kila Rosa anapomtazama mwana yule, uso wake unabadilika: anamwonea fahari, anamwonea hasira, anamwogopa. Mimi nilikuwa nakaribia kuwa enjinia, nimeketi gizani maili elfu kadhaa kutoka kwa mwanamke aliyeuza makala ya kupikia, mkaa, asubuhi na jioni ili nisome. Nilitoka pale nikaenda kusimama kando ya mto mpaka miguu ikafa ganzi. Serikali ilikuwa imelipia adui, ikapata mama. Na haikuweza kumkata, maana hakuna neno hata moja alilosema lisilokuwa kwenye karatasi waliyoipitisha wenyewe. Yote yalikuwa machoni na mikononi, na mkasi wa mkaguzi hukata maneno.

Nisikudanganye ukadhani baada ya hapo alipewa makubwa. Mwaka 1942, wakati wa vita, studio zilikuwa zimehamishiwa Asia ya Kati. Faina alikuwa Tashkent. Sergei Eisenstein, huko Alma-Ata, alikuwa anatengeneza filamu ya mfalme Ivan wa Kutisha, na alimtaka yeye acheze Efrosinia, shangazi wa mfalme, mwanamke wa fitina anayetaka mwanawe mpumbavu akae kwenye kiti. Ilikuwa nafasi yenye nyama. Majaribio ya kamera yalifanyika. Mkuu wa Kamati ya Sinema, Ivan Bolshakov, alikataa, na sababu aliiweka kwa maandishi kwa wakubwa wake: sura yake ya Kiyahudi inaonekana waziwazi, hasa katika picha za karibu. Nafasi ikaenda kwa Serafima Birman.

Soma tena sababu ile. Hakusemwa kwamba hajui kazi. Uso. Na uso huo huo ulikuwa unafaa kwa jirani, kwa mtumishi, kwa mwenye nyumba mchoyo. Ulikuwa haufai kwa ukoo wa mfalme.

Ulikuwa na miaka mitano wakati hapa kwetu, 1992 na 1993, watu walianza kusoma nyuso na majina ya wenzao. Mama yako kwao ni Kasai, na watu wa Kasai ndio waliofukuzwa hapa. Mjomba wako alikaa na watoto wake kwenye stesheni ya Likasi, siku baada ya siku, wakingoja treni ya kuwapeleka mahali ambapo watoto hawajawahi kuona. Wewe tulikufungia ndani, tukakuambia mvua inakuja. Nakuambia hili kwa sababu nilisikia sauti yako ilivyotetemeka ulipolitaja neno "uso", na sitaki udhani baba yako anaona ni jambo dogo la wasanii. Mtu anayekuambia uso wako ni wa nafasi fulani amekwisha kugawa dunia kichwani mwake. Hujamkosea kitu.

Faina aliumia. Hakuna mahali niliposoma kwamba alilichukulia jambo lile kwa wepesi. Alikuwa anajua uwezo wake na alijua umri unakwenda. Na baadaye pakawa pabaya zaidi kwa wote: baada ya vita wakubwa waliamua filamu ziwe chache, kila moja iwe kubwa na ya utukufu, hata mwaka 1951 nchi yote ile, yenye watu wengi vile, ilitoa filamu tisa tu za hadithi. Hesabu waigizaji waliokuwa wanangoja mlangoni mwa filamu tisa. Yeye alikuwa na miaka 55. Mshahara wake ulitoka teatri, si sinema.

Na tuzo? Alipewa Tuzo ya Stalin mara tatu. Ile moja ya sinema, mwaka 1951, aliipata kwa nafasi ya mwanamke Mjerumani katili, Frau Wurst, katika filamu iliyotengenezwa ili kuwashutumu Waingereza kwamba wanawazuilia watoto wa Kisovieti Ujerumani. Rosa hakupewa kitu. Mwaka 1961 wakampa cheo cha juu kabisa cha msanii, Msanii wa Watu wa Umoja wa Kisovieti. Mkono uleule ulioandika kwamba uso wake haufai ulimbandika medali kifuani. Sisi tuliokua chini ya Mobutu tunaujua mkono huo. Shangazi yako alicheza animasyo, ngoma za kukisifu Chama cha Mobutu, miaka mitano, kitenge chenye picha ya Mkuu kimemfunga kiuno, na hata leo ukimwomba akuonyeshe hatua zile, zinatoka nzuri, na machozi yanatoka nazo.

Basi aibu ndiyo hiyo uliyoniuliza. Nadhani Frau Wurst alimwachia kitu kibaya mdomoni. Sina namna ya kulijua na sitamwekea maneno. Najua tu nilichokiona kwenye kiti cha sinema: aliyemcheza Rosa hakumsaidia mtu yeyote kumchukia mtu yeyote. Filamu yako, kwa jinsi ulivyoieleza, haina uongo ndani yake. Wasichana wasome, nani atabisha? Kwa hiyo fedha yake si chafu kwa sababu tu imetoka kwa serikali, ni kodi yetu. Unachopaswa kuogopa ni kuwapa bibi wa kuchekwa. Watu wa mitaa watamcheka, watarudi nyumbani, na bibi halisi aliyeketi nao atajua kwamba amechekwa yeye. Hapo hata mtoto mmoja hatarudishwa shuleni.

Kuhusu umaarufu, lipo jambo jingine ulijue mapema. Mwaka 1939 alicheza filamu ya mtoto aliyepotea mjini Moscow. Alikuwa mke mtawala, mume wake anaitwa Mulya, na anamwambia maneno ambayo kwetu tungesema "Mulya, usinipandishe presha." Maneno yale yalimshika shingo maisha yote. Watoto walimfuata barabarani wakimpigia kelele: Mulya! Mulya! Mwanamke aliyekariri Maupassant kwa ajili ya filamu bubu, nchi nzima ikamjua kwa sentensi moja. Aliichukia. Nimeona pia watu wa hapa wanavyokuita "Mama Mkwe" sokoni ukija likizo, na nimeona unavyotabasamu kwa midomo tu.

Lakini umkumbuke na mama wa kambo wake, katika filamu ya Cinderella ya 1947. Janina Żejmo ndiye aliyecheza Cinderella, na vizuri, akiwa karibu na arobaini anacheza msichana. Mama wa kambo anatazamwa dakika chache. Kwenye karamu ya mfalme anawaamuru binti zake waandike kwenye daftari kila mara wakubwa walipowatupia jicho, kama mhasibu anayefunga mwezi. Na kuna mahali hasemi neno: yuko mbele ya kioo, anajijaribu manyoya kichwani, hili, si hili, hili. Mwanamke mzima mwenye tamaa zake zote, ndani ya manyoya matatu. Hapa kwetu ulikua ukiwatazama kundi la maigizo la Mufwankolo kwenye televisheni, kwa Kiswahili chetu cha Lubumbashi, nasi tulikuwa tukikuuliza nani amekufurahisha. Hukuwahi kusema chifu. Ulisema yule mama anayepita na ndoo.

Kuna jioni moja nyingine sijawahi kukusimulia. Nadhani ilikuwa 1982. Televisheni ilionyesha mchezo wa jukwaani uliorekodiwa: wazee wawili, mume na mke, wamepoteza nyumba yao, na watoto wao hawana nafasi ya kuwaweka wote wawili pamoja. Huyu apelekwe huku, yule kule. Mwisho wanaagana stesheni. Ranevskaya ndiye mke, Rostislav Plyatt ndiye mume. Pale, kwa mara moja, alikuwa na nafasi kubwa, ameipata jukwaani akiwa na zaidi ya miaka sabini, na bado aliicheza kama nafasi ndogo: hakulia, alimshughulikia mumewe tu, kwa sauti ya chini, kama kwamba wataonana kesho. Miaka kumi baadaye, niliposikia habari za Likasi, nilimwona mjomba wako na yule mwanamke katika stesheni moja. Siwezi kueleza zaidi ya hapo.

Alifariki Julai 1984. Nilikuwa kwenye mazoezi ya mgodini. Radio ya bweni ikasema. Hakuwa na mume wala mtoto. Nilijiambia nikipata binti, jina hili halitaishia hapa.

Sasa nkambo yako.

Wewe unamkumbuka akiwa mzee, anakupa bukari na sombe kutoka sahani yake. Mimi namkumbuka siku aliyomtoa shangazi yako shuleni. Shangazi alikuwa na miaka kumi na minne, wa kwanza darasani. Mama hakupiga kelele. Alirudi kutoka kuuza makala, akanawa mikono mpaka kwenye viwiko kama kila siku, akaketi kwenye kigoda, akasema: "Kesho hutaenda." Shangazi akalia, mimi nikabisha, yeye akaendelea kukausha mikono, kidole kimoja kimoja, muda mrefu kuliko maji yaliyokuwepo. Miaka mingi nilimhukumu. Nilikuja kujua baadaye sana kwamba binti wa jirani, wa darasa lilelile, alikuwa amepewa mimba na mwalimu wao, na nkambo yako ndiye aliyemzika. Hakuwa na maneno ya kutuambia. Alikuwa na kitambaa cha mkono tu.

Alikosea. Shangazi yako analipia kosa lile mpaka leo, na huo ndio ukweli ambao filamu yako inausema. Lakini alikosea akiwa mtu.

Kwa hiyo, mama, nafasi ya mwalimu iombe tena. Iombe kwa maandishi, na wakikataa, iombe kwenye filamu ijayo. Sitaki useme kwamba baba alikuambia uridhike na pembeni. Mwongozaji yule amekosa adabu na ningependa aombe radhi mbele ya wale aliokusemea mbele yao. Ila bibi yule usimwachie mtu mwingine. Atampeleka akachekwe, nawe ndiwe pekee pale unayejua alikausha mikono namna gani.

Nitumie kurasa zako kwa WhatsApp, nitazipeleka kwa kijana wa picha pale kona azitoe kwa herufi kubwa. Jumapili ijayo saa moja usiku piga simu, nitakusomea sehemu za wengine kama tulivyokuwa tunafanya ukiwa shule ya msingi. Mama yako anasema mjukuu atamsoma yeye, na ameshaanza kutafuta miwani.

Papa yako